Niliuza Nyumba ya Baba Nikidhani Nimeiweka Rehani

Kosa ni langu. Nalisema mapema ili usije ukanihurumia kabla hujasikia yote. Hakuna aliyenishika mkono, hakuna aliyenilewesha. Nilikuwa na akili zangu timamu, nimevaa kanzu iliyopigwa pasi, na kalamu niliishika mwenyewe!

Jina langu silitaji. Hapa Tanga wako watu wanaoniamkia kila asubuhi kwa heshima, na sitaki kesho wapite upande wa pili wa njia. Jua tu kwamba mimi ni karani wa ghala bandarini. Nasoma, naandika, najumlisha safu nzima ya tarakimu bila kugusa kidole. Nilijiona mjuzi. Jamani, nilijiona mjuzi sana!

Baba alituachia nyumba mtaa wa Nguvumali, mimi na dada yangu. Nyumba ya udongo, vyumba sita, ukumbi katikati, uani kisima, na paa la makuti. Kwa mirathi, theluthi mbili zilikuwa zangu na theluthi moja yake. Dada huyu nitamwita Da Mwana, kama tunavyomwita nyumbani. Amenipita miaka kumi na miwili. Mama alipofariki nilikuwa sijang'oka meno ya utotoni, na yeye ndiye aliyenikogesha, akanipeleka chuoni kusoma Kurani, akawa anaamka alfajiri kukaanga vitumbua ili ada yangu ya skuli ipatikane. Mumewe alipokufa hakuolewa tena. Alirudi nyumba ya baba, akachukua chumba cha kwanza mkono wa kulia.

Sasa sikiliza ujinga wangu.

Miaka ile mkonge ulikuwa na bei. Watu walimiminika Tanga kutafuta kazi, na kila mwenye chumba cha bati alipata mpangaji siku hiyohiyo. Chumba cha makuti kinachovuja walikipita huku wamekunja pua. Jirani wa kushoto akaezua makuti, akaezeka bati. Jirani wa kulia naye vivyo hivyo. Na mimi, karani, mtu wa tai na baiskeli, nalala chini ya makuti! Iliniuma kuliko ilivyostahili kuniuma.

Nikaenda kwa tajiri mmoja mwenye duka mtaa wa Usagara. Simtaji, kwa sababu hakunidanganya, na hilo ndilo linalonikosesha hata mtu wa kumlaani. Nikamwambia nahitaji shilingi elfu moja na mia tano, za bati, mbao, misumari na sakafu ya saruji. Akanikaribisha kahawa. Akasema, "Mwanangu, mimi sikopeshi kwa riba. Riba ni haramu. Kama wataka, tufanye bei ya khiari."

Kwa asiyejua, bei ya khiari ni hivi. Unamwuzia mwenye fedha nyumba yako kwa kiasi unachokitaka, naye anakupa khiari ya kuinunua tena kwa kiasi kilekile kabla ya muda kwisha. Katika muda huo unakaa humo kama mpangaji wake, unamlipa kodi. Ukimrudishia fedha yake yote, nyumba inarudi kwako. Usipomrudishia, basi tena. Sisi watu wa pwani jambo hili tunalijua, na tukikaa barazani wote tunasema, "Ah, ile ni rehani tu, neno kuuza linawekwa ili isiwe riba." Na mimi nikasema hivyohivyo.

Muda wetu ulikuwa miaka sita. Kodi, shilingi ishirini na tano kila mwezi.

Hapo ndipo nilipojimaliza! Nilitoa pakiti ya sigareti mfukoni, nikapiga hesabu nyuma yake. Ishirini na tano kwa miezi kumi na miwili, mia tatu. Miaka mitano, elfu moja na mia tano. Ala, deni limekwisha! Na mwaka wa sita, mia tatu nyingine, hiyo ndiyo faida ya tajiri, shukrani yake kwa kuningoja. Hesabu ilikaa vizuri mno, hata sikuona haja ya kumwuliza mtu. Karani mzima nimwulize mwenye duka maana ya kodi?

Hati iliandikwa kwa herufi za Kiarabu, Kiswahili kitupu. Mimi nimesoma skuli, herufi hizo nazisoma kwa kujikongoja. Da Mwana alihitimu chuoni, anazisoma upesi. Tulikaa dukani kwa tajiri, sisi wawili, na mwandishi, na mashahidi wawili. Dada akaichukua hati, akaisoma tangu juu mpaka chini, kisha akairudia.

"Mdogo wangu," akasema, "hapa pameandikwa tumeuza."

"Ndivyo inavyoandikwa, Da Mwana. Usitie shaka."

"Haya. Na hii ishirini na tano imeitwa kodi. Sioni palipoandikwa kuwa yapunguza ile elfu na mia tano. Bwana mwenyewe yu hapa, hebu muulize."

Nikacheka. Mbele ya tajiri, mbele ya mashahidi, nikamcheka dada yangu aliyenilea! Nikamwambia, "Wewe shika vitumbua vyako, Da Mwana. Mambo ya hesabu niachie mimi."

Tajiri alikuwa na kikombe cha kahawa mkononi. Akanitazama, akangoja kidogo, kisha akainamisha macho. Nadhani angeulizwa angejibu. Sikumwuliza.

Da Mwana alikaza ushungi wake, akashika kalamu, akaandika jina lake chini ya jina langu. Alikuwa akiniamini kuliko alivyoyaamini macho yake.

Bati likaja. Likang'aa! Da Mwana alilalamika kwamba mvua ikinyesha hasikii adhana, lakini jirani walipokuja kutupongeza aliwapikia chai ya tangawizi na kuwaonyesha sakafu mpya kwa kujisifu kidogo. Vyumba vitatu tukavipangisha shilingi kumi kumi. Thelathini inaingia, ishirini na tano inakwenda kwa tajiri, tano inabaki. Zile tano sijui zilikwenda wapi. Najua mshahara wangu ulikwenda wapi: viatu, sigareti, gramafoni ya mkono, na kuwanunulia watu kahawa ili waniite bwana mkubwa. Nilikuwa nikijiambia, kwani nina haja gani ya kuweka akiba? Deni si linajilipa lenyewe?

Kila mwezi nilipokea stakabadhi. Kila stakabadhi imeandikwa kodi. Sabini na mbili nilizipokea, na zote nilizisoma!

Miaka sita ilipotimia nilivaa kanzu mpya, nikanunua halua, nikaenda Usagara kuchukua hati yangu. Nilikwenda nikitabasamu njia nzima.

Tajiri akanipokea vizuri. Tukaulizana hali. Kisha akasema, "Umekuja nayo?"

"Nimekuja na nini, bwana?"

"Elfu moja na mia tano. Muda si umefika?"

Nilidhani anafanya mzaha. Nikacheka, yeye hakucheka. Nikamwambia, "Bwana, nimekulipa elfu moja na mia nane! Stakabadhi zote ninazo!"

"Hizo ni kodi, mwanangu. Umekaa katika nyumba yangu miaka sita, umenilipa kodi, hukuchelewa hata mwezi mmoja, na mimi nashukuru. Lakini bei niliyokupa haijarudi hata senti."

"Lakini mimi nilidhani..."

"Nilikuona umedhani," akasema polepole. "Dada yako alikwambia uniulize. Nilingoja. Ukamcheka."

Ile halua ilikuwa bado mapajani pangu. Nililia, ndugu yangu, mtu wa miaka thelathini na sita nililia juu ya gunia la mchele mbele ya wateja! Tajiri akafunga mlango mmoja wa duka ili watu wasinione. Akaniongezea miezi mitatu, kwa hisani yake tu. Ndiyo maana nasema hata wa kumlaani sina.

Miezi mitatu hiyo nilikwenda kwa kila mtu niliyemnunulia kahawa. Mmoja alinipa shilingi kumi, mwingine alinipa nasaha. Niliuza baiskeli, niliuza gramafoni, nikapata mia tatu na arobaini. Nikampelekea kadhi nakala ya hati. Akaisoma taratibu, akaniuliza, "Jina hili ni lako?" Nikasema ni langu. "Basi," akasema, "nikusaidie nini?"

Khiari ikapita. Nyumba ikaenda.

Usiku na mchana sasa hesabu zinakuja zenyewe, zile nilizopaswa kuzipiga siku ya kwanza. Nilichukua elfu moja na mia tano. Nikalipa elfu moja na mia nane, na deni likabaki lilelile. Na nyumba, baada ya kuezekwa bati na kutiwa saruji, watu wanaojua bei waliniambia inafika elfu nne. Kwa hiyo bati lile nililinunua kwa elfu moja na mia nane, na nyumba nzima juu yake! Kama ningeweka shilingi ishirini tu za mshahara wangu kila mwezi, bila kumwendea mtu, kwa miaka sita ningepata elfu moja na mia nne na arobaini. Ningeezeka upande mmoja, mwaka wa pili upande mwingine. Tungevumilia makuti kidogo. Makuti yalikuwa yametuvumilia tangu tuzaliwe.

Unadhani ungamo langu limekwisha? Halijafika.

Sikumwambia Da Mwana. Sikuweza! Siku khiari ilipokwisha nilimwona amekaa uani anaosha mchele, akaniuliza tena, "Umerudi na hati?" Nikamwamkia shikamoo ingawa nilikuwa nimekwisha kumwamkia asubuhi. Kisha ulimi wangu ukasema kwamba tajiri ametuongezea muda, imebaki sehemu kidogo, na kama tukivipangisha vyumba vyote, pamoja na chake, tutamaliza upesi. Nikamwambia akakae kijijini Tongoni kwa shangazi yetu, mwaka mmoja tu.

Aliacha mchele, akanitazama usoni. Nilidhani ameniona. Kisha akasema, "Si kitu. Mimi na shangazi tutasukana nywele." Akafunga nguo zake ndani ya kanga, akachukua sufuria mbili na msahafu wake, akaniachia kitanda akisema mpangaji akikuta kitanda hulipa zaidi.

Nilimpandisha kwenye lori la watu wa Tongoni kwa mikono yangu hii.

Nyumba sasa ni ya tajiri, ameijaza wapangaji. Mmoja wao ni mimi. Nimepanga chumba kimoja, kile alichokaa dada, shilingi kumi na tano. Nalipa tarehe mosi pamoja na wenzangu. Nimebaki humo ili mtu wa Tongoni akija mjini anikute, asije akaulizia nyumba akaambiwa imeuzwa. Unaona nilipofika? Nalipa kodi ya uongo wangu kila mwezi, na huo nao haupungui.

Na Da Mwana huko hakukaa bure. Anasuka mikeka. Yuko mama mmoja anayeileta sokoni kila Ijumaa, na kila akija huniletea fundo la kitambaa, ndani shilingi tatu, siku nyingine nne. "Da Mwana asema utie kwenye lile deni." Nazipokea! Nitazikataaje? Nikizikataa atauliza kwa nini. Nimezihifadhi zote ndani ya kopo, sijagusa hata senti, na silali usiku kwa ajili ya kopo hilo. Vidole vyake vimepasuka kwa ukindu, mama yule kaniambia, na yeye bado anasuka ili akomboe nyumba ambayo si yetu tena.

Ndugu yangu unayesoma, nakuomba kwa haki ya Mungu. Kama unataka kuweka nyumba dhamana, iwe kwa bei ya khiari, iwe kwa rehani ya namna yoyote, ya msikitini au ya benki, usitazame kama unaweza kulipa mwezi huu. Mwezi huu kila mtu anaweza! Uliza mambo mawili tu, uyaulize kwa sauti, mbele ya mashahidi: hiki ninacholipa kinapunguza deni au hakipunguzi? Na mpaka siku ya mwisho nitakuwa nimetoa jumla gani? Wakikucheka, wacheke. Na kama ndani ya nyumba yako yuko mtu anayesoma hati mara mbili, hata kama ni mwanamke, hata kama anauza vitumbua, mbusu mkono, kisha umsikilize.

Na ukikosea, sema siku hiyohiyo. Mimi nimeshindwa kumwambia mtu mmoja wa Tongoni, ndiyo maana nawaambia ninyi mnaoishi kote, msionijua. Kuwaambia ninyi ni rahisi.

Ijumaa iliyopita mama wa mikeka alikuja tena. Fundo lilikuwa na shilingi sita, hazijawahi kufika sita. Akasema, "Dada yako akusalimu sana. Siku hizi miguu yamvimba, hawezi kukaa mkekani kwa muda mrefu. Auliza deni limebaki kiasi gani, maana ataka afunge Ramadhani kwake."

Nilizipokea zile sita, nikazihesabu mbele yake.

"Mwambie," nikasema, "limebaki kidogo."