Shimo la Vene Mchangani

Harufu ya dagaa wanaoanza kukauka juani haimtoki mtu aliyekulia Nansio, hata aoge kwa sabuni gani. Katika msimu wa dagaa ninaoukumbuka mimi, ilichanganyika na harufu ya mchanga mbichi uliofukuliwa. Kila asubuhi, mama na wenzake wakianika dagaa, bibi mzaa mama alimchimbia mdogo wangu Vene shimo ufukweni, akamsimamisha ndani na kumfukia mpaka kiunoni. Kwetu mtoto aliyechelewa kutembea alifanyiwa hivyo ili miguu ipate nguvu. Ila Vene hakuwa mtoto mchanga. Alikuwa na miaka saba, na alitembea kwa mikono na miguu, makalio juu, tena alinishinda mbio. Watoto wa jirani walimwita nyani, naye aliwarushia mchanga wa macho.

Shida ilikuwa shule. Vene aliitaka kuliko chakula, lakini mama aliapa hatampeleka akachekwe. “Shuleni hawaendi kwa mikono,” alisema. “Asimame kwanza.” Bibi alimjibu, “Kawia ufike, mwanangu,” akaendelea kuchimba.

Ndani ya shimo Vene alisimama wima kama sisi wote, akiimba a, e, i, o, u alizoziokota kwangu. Msimu ulipokwisha, bibi akamfukua kwa mara ya mwisho mbele ya wanawake wote. Vene akasimama, akayumba, mikono ikarudi chini. Mara akawaona kunguru juu ya dagaa, akawatimua kwa mwendo wake uleule. Wanawake walicheka. Mama hakucheka. Shule ilipofunguliwa, nilikwenda peke yangu.

Ukubwani, daktari mmoja wa Mwanza alitueleza kwamba miguu ya Vene ilikuwa mizima siku zote. Kasoro, nayo ni ya nadra, iko kwenye sehemu ya ubongo inayomsaidia mtu asiyumbe. Aliirithi kwa baba na mama, ambao wenyewe hawakuwa na dalili yoyote. Si unyani, wala si laana. Nimesoma pia kwamba mababu wa binadamu walihitaji vizazi visivyohesabika kuinuka kwa miguu miwili. Vene alipewa msimu mmoja. Mama simlaumu, alikuwa akimkinga na vicheko, lakini jambo hilo linaniuma mpaka leo.

Siku hizi hapa Buzuruga, jijini Mwanza, naona watoto wakisukumwa kwenda shule kwa viti vya magurudumu, na hakuna anayegeuka kutazama. Vene anakaa nami. Ujumbe ukiingia kwenye simu yake, humwita binti yangu wa darasa la pili amsomee.

“Taratibu, mama,” humwambia. “Nionyeshe hapo palipoandikwa Vene.”