Nilimwitia Mtani Wetu Mwizi

Admin, nifiche kabisa, maana nusu ya mtaa wetu wanasoma hapa. Mimi, niiteni Mama Neema, ni mama wa miaka 41, naishi Matogoro hapa Songea, nyumba ya marehemu baba.

Jirani yetu, nimwite Baba Zuhura, ni Myao, kwao Nalasi. Sisi Wangoni. Ni watani wetu tangu sijazaliwa, na msiba wa kwetu lazima aje kufanya vituko mpaka waliao wacheke. Baba alipofariki, siku ya tatu asubuhi, akavaa koti la marehemu, akabeba redio yake, akatoka mbio. "Mngoni kafa, mali yangu!" Tulivyozoea, anakimbia, tunamfukuza, tunaikomboa redio kwa kreti ya soda. Wenzangu walibaki ndani wanacheka kwa kelele, hata hawakunisikia. Mimi nilikuwa getini, nikapaza sauti huku nacheka: "Mwizi! Mwizi huyo, mkamateni!"

Jamani, nilisahau mtaa umebadilika. Zamani barabara nzima ilimjua. Siku hizi kona ile ni kijiwe cha bodaboda, vijana wapangaji kutoka kila mkoa. Walimpiga mtama akaanguka. Mmoja akamshushia tofali kichwani, mwingine mnyororo wa pikipiki usoni. Analia, "Ni utani jamani! Mama Neema, waambie!" Wakazidi. Koti la baba likalowa damu.

Na mimi? Nilisimama pale pale, nimeziba mdomo kwa khanga. Niliogopa wasije wakanigeukia. Wajomba zangu ndio waliotoka kumwokoa, jicho limeshapasuka.

Leo ni mwezi wa pili. Hatembei, hasemi. Kila mtu anaamini walioanza kuita mwizi ni wale vijana, na wamekimbia. Mkewe ameniambia kwa mdomo wake, "Wallahi jirani, aliyemwita mume wangu mwizi, simsamehei mpaka naingia kaburini." Nikaitikia, "Hata mimi." Nilijichukia.

Nampelekea uji kila siku. Nikiingia tu, mgonjwa anahangaika, anainua mkono, ananinyooshea kidole huku machozi yanamtoka jicho lililobaki. Mkewe anamfuta, ananitazama kwa upendo: "Unaona anavyokupenda, Mama Neema? Hakuna mwingine anayemfanyia hivyo."

Ndugu zangu, nimwambie kile kidole kinasema nini, au ninyamaze? Nishaurini haraka, mkinitukana pia sawa. Kesho mkewe anakwenda sokoni, ameniomba nibaki na mgonjwa peke yangu.