Bibi, Sinia la Halua na Mkasi wa Bi Helga

Nakiri leo: bibi ninayemwandika kila mara, yule anayegeuza shingo na kucheka katika harusi ya Unguja, simkumbuki. Nimelikana jambo hili miaka mingi, hata mbele ya watu walionunua vitabu vyangu. Ninachokumbuka hasa ni harufu ya gundi ya filamu, kali kama rangi ya kucha, katika chumba cha juu cha nyumba tuliyopanga Walthamstow, London, majira ya baridi nilipokuwa na miaka saba.

Tulihama baada ya Mapinduzi. Bibi akabaki, akafariki. Mama alikuwa na filamu moja tu yenye sura ya bibi, ya harusi ya mdogo wake Zuwena, iliyopigwa ndani kwa wanawake, vichwa wazi. Siku moja ikakatikakatika. Mafundi wa mtaani wote walikuwa wanaume, na mama akaapa kwamba ni bora ioze kuliko wao waione. Akiba haiozi, wasema wahenga, lakini wahenga hawakuwa na filamu. Ndipo tulipogundua kazi ya jirani yetu wa juu, Bi Helga, ambaye kwa mikasi yake tulidhani ni mshonaji.

"Fundi mwanamke!" alisema mama. "Mungu hamtupi mja wake."

Bi Helga alianza kuhariri filamu Munich vita vilipokwisha, katika studio isiyo na dari, akikata na kuunga hadithi za mapenzi kwa watu waliotaka kusahau magofu. Jina lake, kama liliwekwa, lilitokea mwisho wa filamu, watazamaji wakiwa tayari wanatafuta makoti. Akaolewa London, akaishia kwenye matangazo ya sabuni. Lakini kwa bibi yangu alivaa glavu nyeupe za pamba, akavitundika vipande kama samaki wa kuanika, mimi nikimshikia taa. "Uso ukitazama," alinifundisha, "tuonyeshe unachokitazama." Basi baada ya kicheko cha bibi akaunga kipande cha mtoto mkekani, mdomo umepakaa kitu cheusi. Mtoto huyo ni mimi.

Tulipoitazama ukutani, mama alilia. Mimi nikajua nimependwa, mpaka miaka mingi baadaye kaka yangu Saidi alipopata akili, yaani ubaya. "Bibi yako kaungwa na Mjerumani," alisema. "Huenda alikuwa akimcheka paka." Nilimbishia kwa maneno yote ya chuo kikuu, lakini mwiba ukabaki. Bi Helga alishafariki, na mtu mwingine niliogopa kumuuliza.

Siku hizi simu yangu imejaa picha zisizohitaji glavu, na sijui nani humo anamcheka nani. Wiki iliyopita nilijikaza, nikampigia mama mdogo Zuwena, Unguja.

"Shikamoo, mama mdogo. Siku ya harusi yako, bibi alikuwa akicheka nini?"

"Marahaba. Mtoto we, swali gani hilo? Nilitakiwa niinamishe macho, lakini sikuwa kipofu. Alikuwa akikucheka wewe! Ulitambaa ukalivamia sinia la halua, mikono miwili, kisha ukaja kunikumbatia mimi, bi harusi! Mama, bibi yako huyo, akasema, 'Huyu ndiye wangu.'"

Nikakaa kwenye ngazi, nikashusha pumzi ya miaka.

"Na kanga yangu ya siku ile," akaongeza, "mpaka leo ina doa."