Sega la Mwenye Mzinga

Saa tano asubuhi, Jumamosi ya Oktoba 2008, Jerotich amesimama nyuma ya nyumba anayopanga hapa Temple Hills, Maryland. Amejifunika wavu kichwani, amevaa sweta mbili na glavu za kuoshea vyombo. Jua lipo, ila ni la kutazama tu. Halipashi.

Mbele yake kuna mzinga. Si yale masanduku ya ghorofa ambayo Wamarekani hufugia nyuki. Huu ni mrefu, umelala chali juu ya miguu minne kama jeneza, na jirani mmoja aliwahi kumuuliza kwa upole ni nani aliyemo humo.

"Nilimwambia ni mume wangu," anasema Jerotich. Hacheki.

Mumewe yu hai. Anaitwa Cheruiyot, yuko Kabarnet, Kenya. Ndiye aliyeuunda mzinga huu mwaka 2004 kwa mbao za dukani na kipimo cha macho, vile baba yake alivyomfundisha. Tundu la kuingilia alilitoboa katikati. Nyuki wakakaa katikati, asali wakaijaza pande zote mbili.

Kule Baringo hilo halina shida. Hapa kuna theluji.

Mzee Ethan, jirani anayefuga nyuki, alimwonya Cheruiyot. Baridi ikiingia, alimweleza, nyuki hujikusanya kama ngumi, wakasogea polepole upande mmoja wakila asali iliyo mbele yao. Kurudi nyuma hawawezi, watakufa njiani. Kwa hiyo asali yote iwe upande mmoja.

"Baba Chebet alicheka," anakumbuka Jerotich. "Akasema, 'Nyuki wa babu yangu hawakufundishwa kula na mtu.'"

Walipoufungua mwezi wa tatu, mwaka uliofuata, nyuki wote walikuwa wamekufa, wamerundikana upande wa kushoto, vichwa vimezama kwenye masega matupu. Upande wa kulia asali ilikuwa imejaa. Haikuguswa.

"Walikufa njaa na chakula kiko nyumba hiyo hiyo," anasema. "Baba Chebet alikataa kuionja ile asali. Mimi niliila. Ningeitupa?"

Mapema mwaka 2007 baba mkwe wake alifariki. Karatasi za Cheruiyot za kukaa Marekani zilikuwa hazijatoka, na wakili alimwambia wazi kwamba akiondoka amejifungia mlango. Lakini yeye ndiye kifungua mimba, na baba hazikwi kwa simu. Akaenda. Visa ya kurudi ameomba mara mbili, amenyimwa mara mbili.

Karatasi za Jerotich nazo hazijatoka; akitoka, harudi. Na binti yao, Chebet, bado anasoma chuo kule Annandale.

Mzinga ukabaki mtupu. Cheruiyot hakutaka kusikia habari za kununua nyuki. Kwao mzinga huwekwa, nyuki wakipenda wanaingia. Mei mwaka huu wakaingia, Jumapili, kundi zima, Jerotich akiwa ndio anatoka kanisani na viatu mkononi.

"Aliwangoja mpaka akaondoka, ndipo wakaja," anasema. "Nilipompigia akasema, 'Usiwaguse, nakuja.'"

Kwa kina Cheruiyot mwanamke hafungui mzinga. Huyu amejifunza kwa kuumwa. Kuna siku alifika kazini Rockville, anakotunza wazee, jicho moja limefumba kabisa. Honorata, Mtanzania anayefanya naye kazi, akamwangalia juu mpaka chini. "Dada, umenenepa uso tu? Mwili umeusahau wapi?"

Leo hana muda wa kuogopa. Usiku maji yameanza kuganda kwenye ndoo. Anatoa masega moja moja, kila moja likining'inia kwenye ufito wake, anayapanga upya. Nyuki mwisho wa mzinga, asali yote ubavuni mwao, halafu ubao wa kuzuia, halafu blanketi kuukuu. Tundu la katikati ameliziba kwa vizibo vya mvinyo. Jerotich ni mhudumu wa kanisa, na anaapa chupa zilikuwa za Mzee Ethan, ambaye pia ndiye aliyetoboa vitundu vipya pembeni, vidogo, panya asipite.

Anapima kila sega kwa mkono. Uso wake haufurahi.

"Ni kidogo," anasema. "Wamechelewa kuja, wamechelewa kuweka. Lingeongezeka hata moja tu."

Moja lipo. Limelala kwenye sinia, kizingitini mwa mlango wa nyuma, limefunikwa kitambaa. Kwa kina Cheruiyot, anayefungua mzinga wa mwenzake hutenga kwanza sega la mwenye mzinga, na haliguswi mpaka mwenyewe aje. Jerotich alilitenga kabla ya jambo lingine lolote.

Simu ya Chebet, aliyekuja nyumbani wikendi hii na kusimama mbali na nyuki, inalia mara moja, inakatika. Mkenya yeyote wa hapa anaujua mlio huo: nipigie wewe. Chebet anakwaruza kadi ya kupigia simu ng'ambo, anabonyeza namba ndefu, kisha anamnyooshea mama yake simu kwa mbali, kama anayemlisha mamba.

"Mama Chebet, kelele gani hiyo?"

"Nyuki."

"Umewafungua?"

"Nimewafungua. Baridi haikungoji, Baba Chebet."

"Nilikwambia nakuja."

"Ulisema Juni. Ukasema Septemba."

"Asali umeiweka upande gani?"

"Mmoja."

"Yote?"

"Yote."

"Kumbe yule mzungu..." anasema Cheruiyot, na hamalizi. "Na sega langu?"

"Liko kwenye sinia."

"Haya. Krismasi njoo nalo. Acha hiyo nchi, uje nyumbani."

"Na mtoto nimwachie nani?"

Mwanamke wa kadi, sauti iliyorekodiwa, anaingilia kati kwa Kiingereza: imebaki dakika moja. Cheruiyot anasema liweke, liweke tu vizuri. Simu inakatika.

"Huyo mwanamke ndiye mwamuzi wa ndoa yangu," anasema Jerotich, na safari hii anacheka kidogo. "Watu kanisani wanasema nyuki ni kisingizio cha kutorudi. Ni kweli. Kila mtu hapa ana chake."

Anautazama mzinga. Anaitazama sinia. Kisha anakwenda mlangoni, anafunua kitambaa, analibeba lile sega kwa mikono miwili na kulining'iniza mwisho wa safu ya asali. Anasukuma ubao. Anapanga fito, blanketi, bati, na matofali juu ya bati.

Mpango wake ni mmoja: kutoufungua tena mpaka Aprili, miti ya mtaa huu ikichanua. Mpaka hapo atakuwa anakuja kuweka sikio kwenye ubao, asikie kama bado wanavuma.

Chebet ameshika sinia tupu.

"Mama, na Baba akija?"

"Akija," anasema Jerotich akivua glavu, "atakuta nyuki."