Kisigino Katika Paa la Mwalimu

Juzi nilipita Gesima kumjulia hali mwalimu mkuu wangu wa zamani, nikakuta vijana wanabomoa paa lake. Harufu ya lami iliyopigwa na jua ilinisimamisha langoni. Ndugu yangu, nilirudi darasa la nne papo hapo.

Paa lile alilijenga baba yangu. Wakati huo kijiji kizima kilikuwa cha mabati, na majiko yaliyoezekwa nyasi. Mwalimu ndiye wa kwanza kuleta vigae vya lami, vipande vyeusi vinavyojikunja kama zulia, vyenye changarawe juu. Watu waliacha kuchuma chai waje kutazama. Baba alikuwa fundi wa mabati tu, lakini alisoma maagizo kwenye pakiti mara tatu, na jambo moja alilishika: jua likiwa kali vigae hulainika, mtu asikanyage. Basi alipanda alfajiri, akashuka saa tano, akapanda tena jua likipoa. Wazee wa kanisa walikuwa wamemwahidi kwamba mwalimu akiridhika, paa la kanisa jipya ni lake.

Ijumaa moja ya Januari joto lilipasua udongo. Kwetu Wasabato, Ijumaa ni mbio: nguo zipigwe pasi, mboga za chinsaga zichemshwe na maziwa, viatu ving'arishwe, yote kabla jua halijazama. Mimi nilikuwa na viatu vipya vyenye kisigino kidogo, na nilikuwa nimevivaa eti nivizoee. Mama akanituma nimpelekee baba uji wa wimbi kwa mwalimu. Nilimkuta amelala kivulini chini ya mgomba, kofia usoni. Ngazi ilikuwa imeegemea ukuta. Nyanya alituonya kila siku kwamba msichana hapandi paa, na nadhani ndiyo maana nilipanda.

Nilitaka tu kujua kama moshi wa kiwanda cha chai unaonekana kutoka juu. Unaonekana. Nilipogeuka kushuka, kisigino kikazama. Nilikivuta kikatoka na lami. Nikaenda nyumbani, nikaficha viatu chini ya kitanda, nikala bila kuinua macho.

Asubuhi ya Sabato viatu vilikuwa mlangoni, safi, vinanuka mafuta ya taa. Baba alinitazama, akasema, "Vaa, mwanangu, mwana one, tutachelewa." Basi. Jumapili alipanda akaziba tundu kwa lami, lakini kiraka hakikushika. Mvua za Machi zilipoanza, maji yalidondoka juu ya meza ya mwalimu, wazee wa kanisa wakiwa wameketi pale pale. Baba aliitwa, nikamfuata. Mimi ndiye niliyeshika karai la kukinga matone.

"Kosa ni langu," baba alisema. "Nilifanya kazi jua likiwa kali."

Kanisa likapewa fundi kutoka Kisii mjini. Baba alirudia mabati yake, na hakuwahi kunitajia jambo lile hadi tulipomzika.

Juzi kijana mmoja alishuka na kigae chakavu chenye tundu la duara. Akacheka. "Mwalimu, huyu fundi wako wa kitambo alikuwa anatoboa paa na nini?"

Mwalimu, ambaye sasa ni mzee na hasikii vizuri, alitikisa kichwa. "Alikuwa mtu mzuri. Lakini hiyo kazi ilimshinda."

Nilimwinamia sikioni. "Haikumshinda, mwalimu. Hicho ni kisigino changu."

Alipapasa lile tundu kwa kidole. Kisha akasema, "Na kanisa tukamnyima."

Kijiji sasa kimejaa mabati ya rangi, na mwalimu naye anawekewa ya buluu. Mgomba ule ulishakatwa. Kigae nilikiomba, ninacho hapa mezani. Maji yamemwagika, najua. Ila neno lenyewe la kuungama lilikuwa fupi sana, na nilikuwa na miaka ishirini ya kulisema baba akiwa hai.