Siku Tuliyoipima Bunduki Mpya

Nilikuwa mlinzi wa kampuni binafsi, kituo changu kikiwa duka la jumla la khanga na vitenge pale Kariakoo. Mlangoni tulikuwa wawili. Mwenzangu alikuwa mzee mmoja wa Lindi, ndiye aliyenipokea siku ya kwanza na kunifundisha kusimama kutwa nzima bila miguu kuvimba. Nilimwita baba. Yeye alishika silaha, mimi nilikagua mifuko, ingawa mafunzo ya silaha nilifuzu pia.

Kampuni ikaleta bunduki mpya ya kusindikizia magari ya fedha, nusu otomatiki: ukishafyatua, inajipakia yenyewe risasi inayofuata, na juu yake ina darubini ya kulengea. Wenye vibali tukapelekwa uwanja wa shabaha kuijaribu. Mzee alikosa vibaya. Risasi zake zilitawanyika, nyingine hazikuigusa hata karatasi.

Kesho yake chai ilimpoa mkononi.

"Bunduki ile ina walakini, mwanangu," akaniambia. "Nimelenga shabaha wewe hujazaliwa. Mimi siwezi kukosa vile."

Nilimwamini. Jioni nilipopeleka ripoti ofisini Mchikichini, nikamkuta msimamizi wetu ameshaamua.

"Mzee kachoka. Tutampumzisha."

"Bosi, mmempima mzee. Bunduki yenyewe mmeipima?"

Alinitazama kama mtu aliyekanyagwa kidole. Lakini alikuwa mtu wa haki kwa namna yake. Wiki iliyofuata tulipakiwa kwenye gari la kampuni, mimi, mzee na ile bunduki ndani ya sanduku lake, tukarudi uwanjani, nje ya mji.

Mkufunzi wa pale alikuwa mama wa makamo, mpole, asiyependa haraka. Mzee alimsalimia, kisha akasimama pembeni, mikono nyuma. Mama akailaza bunduki juu ya mifuko ya mchanga.

"Hapa mkono wa mtu hautetemeshi kitu," akanieleza. "Matundu yakikaa pamoja, bunduki nzima. Yakikaa pamoja lakini pembeni, tunarekebisha darubini. Yakitawanyika, bunduki ndiyo mbovu."

Moyoni niliomba yatawanyike.

Alifyatua taratibu, akivuta pumzi kila baada ya risasi. Maganda yakaruka, yakalia juu ya saruji. Tulipoiendea karatasi, matundu yote ungeyafunika kwa kizibo cha soda. Nikajaribu mimi. Yangu yalikaa wazi kidogo, lakini yote katikati.

"Sasa wewe, baba," mama akamwambia.

Alilala polepole nyuma ya mifuko ileile, akaweka shavu kwenye kitako cha bunduki. Alikaa muda mrefu. Nilimwona akifumba jicho, akilifumbua, akilipangusa kwa mkono wa shati. Akafyatua. Akafyatua tena. Vumbi likatimka kushoto, kisha juu ya tuta la udongo nyuma ya karatasi.

Mama hakwenda hata kutazama karatasi. Alichuchumaa kando yake, kama mtu anayeongea na mgonjwa.

"Baba, pale juu ya karatasi kuna kibao. Kimeandikwa nini?"

"Kibao gani?" mzee akauliza.

Kilikuwa kikubwa, chekundu, namba nyeupe.

Tukaanza safari ya kurudi mjini. Tulipofika Mchafukoge, gari limenasa kwenye foleni, ndipo mzee akaanza kunieleza, akitazama magoti yake. Alikuwa anaona kwa ukungu muda mrefu. Taa za magari aliziona zimezungukwa na duara la mwanga. Wateja aliwatambua kwa sauti.

"Kwa nini hukuniambia, baba?"

"Ningekwambia ningekuwa nani? Mlinzi kipofu?"

 Nilimshika mkono tu, akauacha mkononi mwangu.

Msimamizi nilimweleza mimi mwenyewe, mzee akiwa amekaa nje. Nilijua bunduki atanyang'anywa, na ilikuwa sawa. Mtaa wetu una watu wengi mno kwa risasi isiyojua inakoenda. Niliomba asifukuzwe kabla hajatibiwa. Mwenye duka naye akapiga simu, akasema bila mzee yule hataki mlinzi mwingine. Msimamizi akakubali, tukabadilishana kazi: mimi nikabeba silaha, yeye akakagua mifuko, kwa vidole zaidi kuliko macho.

Hospitali walisema ni mtoto wa jicho, macho yote mawili. Wakalifanyia upasuaji jicho la kwanza, baadaye la pili. Bandeji ya mwisho ilipoondolewa nilikuwa nimekaa naye. Alinikodolea macho hadi nikaona aibu.

"Kumbe u mdogo hivi," akanitania. "Nilidhani wewe mtu mzima mwenzangu."

Tukacheka hadi muuguzi akatunyamazisha.

Siku aliyorudi kazini alishinda akitazama khanga zilizotundikwa, akizishika pindo moja moja na kuwasomea wateja maneno yake kwa sauti. Wanawake wakamzunguka, wengine wakanunua kwa sababu yake.

Msimamizi akampa nafasi ya kwenda uwanjani tena, apimwe upya. Nilidhani ataruka kwa furaha. Alifikiri kidogo tu.

"Bunduki abaki nayo binti yangu huyu," akasema, akinigusa bega. "Mimi nimependa hapa mlangoni. Nawaona watu."

Akageuka kumpokea mteja mfuko.