Mariam Poni na Lakini ya Baba Yake

Mariam Poni wa Midia, kijiji cha Koboko, mwanamke wa jembe na mihogo, alijifunza kusoma akiwa na miaka thelathini na moja, na aliyemfundisha alikuwa kipofu. Watu wa Koboko wakisikia hivyo hucheka. Poni huwaacha wacheke, maana hata yeye akikumbuka hutikisa kichwa na kumshukuru Mungu.

Kipofu huyo alikuwa baba yake, Mwalimu Jada. Kwa miaka thelathini alifundisha watoto wa watu Qur'ani barazani kwake, na kazi ya Poni ilikuwa kuwapikia. Hakuna aliyemwambia naye aketi. Mganga hajigangi: Mwalimu aliwaonya watu juu ya kiburi kila Ijumaa, na cha kwake alikuwa nacho cha kutosha kuwagawia majirani.

Mali yake ilikuwa kitabu kimoja. Shehe wake wa Sudani alikiandika kwa mkono, kwa Kiarabu, akamwachia alipokufa. Kilikuwa kitabu cha moyo: maradhi yake, dawa zake, namna ya kuusafisha mpaka uweze kumtaja Mola bila kunung'unika. Hakikushonwa. Karatasi zake tisini na mbili zililala huru ndani ya mfuko wa ngozi wenye kamba, wala hazikuwa na namba.

Mwaka wa themanini vita vilipofika, Koboko ilikimbilia Zaire. Poni alimshika mkono baba yake, ambaye wakati huo macho yake yalijua mchana na kivuli tu, na kitabu akakibeba mgongoni mahali pa mtoto. Katika shamba la mihogo karibu na mpaka, kamba ikakatika. Karatasi zikamwagika. Watu wanapita mbio, risasi zinalia, mama yake anamwita, naye yuko magotini anaokota kama kuku anavyodonoa mtama, bila kujua ipi ya mbele ipi ya nyuma.

Walipotua kambi ya Ingbokolo, upande wa Zaire, alimwambia baba yake ukweli. Mwalimu alinuna siku tatu. Siku ya nne akamwita.

"Poni, leta kitabu. Angalia nyuma ya karatasi, chini kabisa. Iko neno moja peke yake?"

"Iko, baba. Kidogo tu."

"Hiyo ni mwito. Shehe yangu aliandika hapo neno ya kwanza ya karatasi ingine. Kila karatasi iko naita mwenzake. Wewe tafuta nani naitika."

Basi kazi ikaanza. Poni hakujua hata alifu, akawa anaeleza anachokiona.

"Baba, hii iko na tumbo, na tone moja chini."

"Ba. Endelea."

"Hii nasimama peke yake kama mti ya hema."

"Alifu. Endelea."

Kiangazi kizima kilipita hivyo. Mwito ukiitikiwa na karatasi mbili au tatu, Poni alitaja mistari herufi kwa herufi, na Mwalimu akaamua ipi ni ndugu wa kweli na ipi inajipendekeza. Mwanzoni alisema matumbo na matone. Baadaye akawa anataja ba na nun kwa majina yao. Siku moja akamaliza mstari mzima bila kuuliza.

"Miaka thelathini nilifundisha baraza," akasema mzee, "na mwanafunzi iko jikoni. Nisamehe, mwanangu."

Poni alilia siku hiyo, na hakuona haya kulia. Nchi imepotea, nyumba imechomwa, hema linavuja, na yeye moyo wake umejaa shukrani hadi unauma.

Mwisho wa kiangazi karatasi zote zilikuwa zimekaa kwa mpangilio, zote tisini na moja. Moja ilikuwa imebaki kule kwenye mihogo. Pengo lenyewe likaangukia mlango wa shukrani, palipoandikwa: *Mja humshukuru Mola wake kwa alichopewa.* Chini yake, peke yake, mwito: *walakin*. Neno letu hili hili, lakini. Likaita, na hakuna aliyeitika.

"Lakini nini, baba?" Poni aliuliza.

Mwalimu hakukumbuka. Mlango wa kiburi alikuwa nao kichwani neno kwa neno, maana ulimfaa kuwasemea wengine. Huu wa shukrani aliupita tu, kama mtu anavyopita duka la chumvi wakati chumvi anayo nyumbani.

Mwaka huo huo kipindupindu kilimchukua mama yake Poni, wakamzika Ingbokolo. Tangu hapo Mwalimu, akimaliza swala na kusema Alhamdulillahi, alinyamaza kidogo, kisha kwa sauti ya chini akaongeza, "Lakini." Poni aliisikia kila siku mara tano. Aliogopa kwamba baba yake atakufa shukrani imemkwama kooni kama mwiba wa samaki.

Kila shehe aliyepita aliulizwa. Mmoja alijibu, "Lakini asisahau swala." Mwalimu akamwambia, "Hiyo ni lakini yako. Mimi nataka ya shehe yangu." Habari ikaenea kambini na sokoni, na waliporudi Midia mwaka wa themanini na sita jina lilikuwa limetangulia: Mwalimu Lakini. Watani walimpigia kelele njiani. Subira ilivuta heri, ila kwa kujikokota.

Miaka miwili baadaye, asubuhi, mwanamume mwenye vumbi hadi kwenye nyusi alisimamisha baiskeli mlangoni.

"Hodi, mama. Hapa ndiyo kwa Mwalimu Lakini?"

"Ndiyo hapa."

"Mimi naitwa Saturnino Ezati, mutu ya Arua, fundi ya baiskeli. Ile siku ya kukimbia, nilikuwa huku Koboko kwa kazi. Niliokota kitu kwa mihogo. Nilisema, hii ni maneno ya Mungu ya mutu, haiwezi kukanyagwa." Alifungua kitabu chake cha nyimbo za kanisa, akatoa karatasi iliyokunjwa. "Juzi fundi cherehani moja Mwislamu kwa soko ya Arua alisoma neno ya juu, akacheka sana. Akasema peleka Koboko, iko mzee nalilia hii."

Poni alikuwa hamsikii tena. Waw, lam, kaf, nun. Neno aliloliona chini ya ukurasa kwa miaka minane, sasa liko juu, limeitika. Alimpokonya mgeni karatasi, bila asante wala karibu, akakimbilia ndani.

"Baba! Lakini imekuja!"

Mwalimu alikaa wima. "Soma."

Alisoma, kisha, kwa Kiarabu alichojifunza akimsomea baba yake, akayageuza maneno kwa lugha ya nyumbani ili asidanganywe na masikio yake: *Lakini utamshukuruje aliyekutumia neema, na aliyekuletea bado umemsimamisha mlangoni?*

"Poni," akasema Mwalimu taratibu, "nani alileta?"

"Fundi moja, baba. Ametoka Arua na baiskeli."

"Amekaa?"

Poni alihisi uso ukimwaka moto. "Bado. Iko nasimama mlangoni."

Mwalimu Jada alicheka. Alicheka mpaka machozi yakatoka katika yale macho yasiyoona, kisha akainuka, akakishika kiti chake mwenyewe, kilichokuwa cha pekee nyumbani, akakibeba kwa kupapasa ukuta hadi mlangoni.

"Keti, ndugu yangu. Tusamehe."

"Mzee, hapana taabu," Saturnino akasema. "Karatasi yako ilikaa kwangu miaka nane. Mimi kusimama kidogo ni nini?"

Akaketi. Mwalimu aliketi chini, kwenye udongo, karibu na miguu ya mgeni yenye vumbi. Akamuuliza habari za Arua, za watoto, za safari. Halafu akasema, "Alhamdulillahi," akafunga mdomo.

Poni alisubiri. Ile lakini haikuja. Akaenda kuchemsha chai.